Daftari la Shemeji

Ni daftari la kurasa 96, jalada la bluu lililofifia, na nyuma yake jedwali la kuzidisha kama yale ya watoto wa shule. Shemeji yangu alilinunua mwanzoni mwa 2018 akalitupia kwenye sanduku la vyuma vyake kule Kariobangi Light Industries, Nairobi, ndiyo maana kila ukurasa una alama za vidole vya grisi. Alikuwa fundi wa kuchomelea. Humo ndani mna kazi zake zote. "Geti Umoja 2, 38,000, amelipa 20,000." "Madirisha 3 Komarock 13,500, bado 5,500." "Rodi pakiti 3." Halafu katikati ya mageti na madirisha, bila hata kuruka mstari: "Unga, maziwa, 640." "Mama 3,000." "Ada ya Musa 18,000."

Hakuliandika ili lisomwe na mtu. Mwaka 2021 lilisomwa kwa sauti katika mahakama za Milimani, mstari baada ya mstari, na aliyekuwa akilisoma alikuwa wakili wa upande wa bima.

Dada yangu, Mama Kelvin, ndiye aliyenitaka niandike haya. Alinipa sharti moja tu, nisimtaje mtu. Kwa hiyo humu hamna jina la kampuni ya bima, wala la kituo cha polisi, wala la mawakili. Hata Kelvin na Musa nimewabadilisha majina.

Ilikuwa Alhamisi ya Oktoba 2019, yapata saa moja jioni, manyunyu yameanza. Shemeji alifunga kazi, akaenda kuvuka barabara ya Outering ili apate gari la kwenda nyumbani Umoja. Minibasi ya abiria ikamgonga kwenye leni ya ndani. Vijana wa boda boda ndio waliompakia kwenye pikapu na kumkimbiza hospitali. Alfajiri hakuifikia.

Haikuandikwa popote. Mtembea kwa miguu akigongwa Nairobi si habari. Mwaka 2024 Mamlaka ya Taifa ya Usalama Barabarani, NTSA, ilihesabu zaidi ya watu 4,700 waliokufa kwenye barabara za nchi hii, na kama miaka iliyotangulia, waliokuwa wakitembea kwa miguu ndio waliokuwa wengi kuliko kundi lingine lolote. Abiria wa basi lililopinduka Salama au Sachang'wan hupata rambirambi za rais. Mtu aliyekuwa akivuka barabara kwenda kwake hupata nambari ya OB, kitabu cha matukio cha polisi.

Siku ya pili tulikuwa mochari. Mnajua jinsi watu wanavyosimama pale nje, makundi makundi, kila kundi na msiba wake, wanazungumza juu ya jeneza na usafiri wa kwenda mashambani. Akatujia kijana mmoja nadhifu, suti ya kijivu, faili mkononi. Alimpa dada mkono kwa mikono miwili.

"Pole sana, mama. Mungu awape nguvu. Ni gari gani iliyomgonga mzee?"

Mtu anayeuliza gari kabla ya kuuliza jina la marehemu, hata mimi nilitakiwa kushtuka. Sikushtuka. Nilidhani ni wa serikali. Alitueleza kwamba kuna pesa za bima, kwamba ofisi yake inashughulikia kila kitu, kwamba hata sasa hivi anaweza kutupa 30,000 za jeneza na tutazirudisha fidia ikitoka. Akatoa fomu tatu. Zote zilikuwa tupu isipokuwa pale chini, mahali pa sahihi.

Dada alikuwa ameshaishika kalamu. Aliyemzuia ni mama mmoja wa kundi la pembeni, tusiyemjua, amejifunga leso kiunoni. Alisema bila hata kutugeukia, "Mimi nilitia sahihi mwaka juzi. Bado namtafuta huyo wakili." Yule kijana akakunja faili akaenda zake kwa kundi jingine, wala hakuonekana kuona haya.

Tangu siku hiyo nimewajua watu wa kazi hii. Huitwa mabroka wa ajali. Wana watu wao vituoni, wana watu wao wodini, wana watu wao mochari. Hawauzi ujuzi wa sheria, wanauza habari: nani amekufa, gari gani, bima gani. Habari hiyo inauzwa kwa wakili ambaye huenda asiwahi kumwona mjane hata mara moja, na hundi inapotoka huandikwa kwa jina la ofisi yake. Sheria ya Mawakili inakataza kutafutiwa wateja namna hiyo. Inakataza vilevile mapatano ya "nitalipwa tukishinda", ingawa ukizunguka ofisi za katikati ya mji utaambiwa asilimia kabla hujakaa kitako. Sisi tuliambiwa 30 kwa moja, na kwingine 40. Aliyetupata mwishowe ni mama wa makamo ambaye ofisi yake ina feni moja na kalenda ya kanisa. Alituandikia ada yake kwenye karatasi, akaweka muhuri, akatupa nakala. Ile nakala ndiyo iliyotufanya tumwamini.

Yeye ndiye aliyetueleza kwamba mtu akifa barabarani Kenya, zinafunguliwa kesi mbili ndani ya kesi moja. Ya kwanza ni ya marehemu mwenyewe, kupitia mirathi yake, chini ya Sheria ya Marekebisho ya Sheria, sura ya 26. Humo hulipwa maumivu aliyoyapata kabla ya kukata roho, na kitu kinachoitwa kupotewa na matarajio ya maisha. Hicho cha mwisho kwa mazoea ya mahakama zetu kimekuwa kama shilingi 100,000 hivi, awe fundi awe profesa. Ya pili ni ya walioachwa, chini ya Sheria ya Ajali za Vifo, sura ya 32. Ya pili ndiyo yenye pesa, na ndiyo iliyo na maswali.

"Mna miaka mitatu tangu siku ya kifo kufungua kesi," alisema. "Lakini msiihesabu. Hesabuni karatasi."

Tukazihesabu. Abstrakti ya polisi, yaani karatasi ya muhtasari wa ajali. Ripoti ya uchunguzi wa maiti. Cheti cha kifo. Cheti kutoka NTSA kuonyesha mwenye gari. Barua ya chifu. Vyeti vya kuzaliwa vya watoto. Kibali cha mahakama cha kusimamia mali kwa ajili ya kesi tu, ambacho mawakili hukiita ad litem, maana mjane hawezi kushtaki kwa niaba ya mumewe bila hicho, hata kama aliishi naye miaka 14. Risiti za mazishi. Na mwisho kabisa, kitu chochote cha kuonyesha marehemu alikuwa akipata nini.

Abstrakti peke yake ilitumaliza wiki sita. Ya kwanza ilikuwa na herufi moja ya nambari ya gari iliyokosewa, D ikawa B. Ukienda NTSA na herufi hiyo unaletewa pikapu ya mtu wa Nyeri. Kurudi kuirekebisha, afisa aliyeiandika amehamishwa. Aliyepo anasema hawezi kubadilisha maandishi ya mwenzake mpaka faili ya trafiki ipatikane. Faili iko kwa mwendesha mashtaka. Mwendesha mashtaka yuko kortini. Nilijifunza kukaa kwenye benchi la kituo nikiwa na gazeti, kama mtu wa kazi. Siku ilipopatikana abstrakti isiyo na kosa, na nambari ya bima ikajazwa pale ilipokuwa imeachwa wazi, dada aliibusu ile karatasi mbele ya polisi. Afisa akacheka. "Mama, hii si hundi."

Hakukosea. Ila bila nambari ya bima kwenye abstrakti humpati mlipaji. Kila gari Kenya lazima liwe na bima ya kulinda watu wengine, hiyo ni sura ya 405, na hukumu ikishatoka kampuni ya bima ndiyo inayotakiwa kulipa, si yule dereva ambaye pengine hana hata nyumba. Waliogongwa na gari lililotoroka usiku, hao hawana hata mtu wa kumwandikia barua.

Kulikuwa na kikwazo cha mwenye gari pia. Cheti cha NTSA kilimtaja mzee mmoja ambaye alipopigiwa simu aliapa kwamba aliiuza ile minibasi miaka mitatu nyuma, kwa mkono tu, kwa makubaliano ya karatasi. Matatu nyingi za mji huu ziko hivyo: jina la kwenye rekodi ni moja, anayepokea pesa za jioni kutoka kwa kondakta ni mwingine. Wakili wetu hakutaka ubishi. Akawashtaki wote wawili na dereva juu, mahakama iamue nani ni nani. Kwa sheria ya trafiki aliyesajiliwa ndiye mwenye gari mpaka ithibitike vingine.

Halafu ikaja barua ya chifu, na kwa hiyo barua nusura ukoo uvunjike.

Chifu anaandika nani ni wategemezi wa marehemu. Dada na shemeji hawakuwa na cheti cha ndoa. Mahari ilipelekwa, mbuzi wakahesabiwa, wazee wakanywa soda, basi. Hilo chifu alilijua, na mama mkwe, ambaye watoto wanamwita Susu, alikuja kutoka Machakos na kusema mbele yake, "Huyu ni mke wa mwanangu." Yakaisha. Yakabaki ya Musa.

Musa ni kitinda mimba wa nyumba ile. Baba yao alipofariki Musa alikuwa darasa la nne, na tangu hapo aliyemlea ni shemeji: sare, shule ya upili, kisha chuo cha ufundi hapa Nairobi. Mwaka wa ajali alikuwa muhula wa pili. Alikuja kwa chifu amevaa shati jeupe, akiwa na risiti zake zote kwenye bahasha.

Wakili alimweleza taratibu. Sheria ya Ajali za Vifo inawajua mke au mume, mzazi, na mtoto. Babu na nyanya wamo ndani ya neno mzazi, na wajukuu na watoto wa kambo wamo ndani ya neno mtoto. Ndugu wa tumbo moja hayumo.

"Yeye ndiye aliyekuwa baba yangu," Musa akasema.

"Najua, mwanangu. Lakini sheria hairuhusu niandike hivyo."

Sheria yenyewe tuliirithi kwa Waingereza, na mtu aliyeiandika alikuwa na picha ya nyumba yenye baba, mama na watoto wao, basi. Mtu wa Nairobi ambaye mshahara wake unasomesha ndugu wawili na binamu mmoja hakuwamo kwenye picha hiyo. Musa aliweka bahasha yake mfukoni akatoka. Hakuja kortini hata siku moja, na kwa mwaka mzima hakupokea simu ya dada.

Sasa hesabu. Nitaieleza kwa sababu hakuna aliyetueleza sisi mpaka tulipouliza mara tatu. Hakimu anachukua alichokuwa akipata marehemu kwa mwezi, anakizidisha kwa 12. Anazidisha tena kwa miaka ambayo anaona marehemu angefanya kazi, akipunguza kidogo kwa kuwa maisha yana mengi. Kisha anachukua sehemu ambayo marehemu alikuwa akiitumia kwa familia. Kwa mwenye mke na watoto mara nyingi ni theluthi mbili. Kwa kijana asiyeoa aliyekuwa akisaidia wazazi, mara nyingi ni theluthi moja. Hapo ndipo fidia inapotoka. Ni jedwali lile lile la nyuma ya daftari.

Mfanyakazi wa ofisi anapeleka karatasi ya mshahara, yamekwisha. Fundi wa Kariobangi anapeleka nini? Asipokuwa na chochote, mahakama nyingi hukimbilia agizo la serikali la kima cha chini cha mshahara. Agizo la 2018 lilimwekea kibarua wa kawaida wa Nairobi Sh13,572.90 kwa mwezi. Mafundi wamewekewa juu kidogo, lakini hapo unaulizwa cheti cha mtihani wa ufundi, na shemeji alifundishwa kazi na mjomba wake chini ya mwembe.

Shemeji alikuwa na miaka 38. Zidisha hizo 13,572.90 kwa 12, kwa miaka 20, chukua theluthi mbili: Sh2,171,664. Ukizisikia zinaonekana nyingi. Lakini mtu yule alikuwa akilipa kodi ya vyumba viwili Umoja, ada za watoto watatu, na mama mzee Machakos. Kibarua wa 13,000 hawezi.

Dada ndiye aliyekumbuka daftari. Lilikuwa bado kwenye sanduku la vyuma, na sanduku lilikuwa kwa fundi mwenzake aliyekuwa akilitumia kama kiti.

Wakili alipoliona alikaa kimya, akawa anafunua ukurasa mmoja mmoja kwa ncha ya kalamu ili asichafuke. Kisha akatuambia habari ya hukumu ya Mahakama ya Rufaa ya mwaka 2005, kesi ya seremala aliyeuawa barabarani. Majaji walikataa wazo kwamba kazi ya mtu na mapato yake ni lazima yathibitishwe kwa vyeti na nyaraka, wakasema msimamo kama huo ungewadhulumu Wakenya wengi sana wasiojua kusoma, wasioweka rekodi, na ambao bado wanajipatia riziki. Nimeisoma baadaye mwenyewe. Siijui hukumu nyingine ya nchi hii inayomtazama mtu wa jua kali usoni namna ile. Ila hukumu ni mlango tu, lazima uingie na kitu mkononi. Tukaingia na daftari, na taarifa ya M-Pesa ya miezi 18, ambapo kila mwezi kati ya tarehe 3 na 6 kuna 3,000 kwenda kwa Susu.

Korona ikatukalisha. Kesi ilifunguliwa Februari 2020, mwezi uliofuata mahakama zikafungwa. Ikawa inatajwa kwa simu: dada amekaa kitandani, video imezimwa, anasubiri jina lake kati ya kesi 40, na kila mara anasikia "tarehe nyingine". Kusikizwa kwenyewe kulikuja mwaka uliofuata, ana kwa ana.

Wakili wa bima alikuwa kijana mpole. Nasema hivyo kwa sababu nilitaka awe mbaya. Aliuliza kwa Kiingereza, karani akatafsiri, dada akajibu kwa Kiswahili, karani akarudisha.

"Mama, hili daftari liliandikwa na nani?"

"Na mume wangu."

"Lina muhuri wowote?"

"Ni daftari la fundi."

Hakimu akatabasamu, nadhani. Wakili akaendelea. Akasoma geti, akasoma dirisha. Akauliza vyuma vilinunuliwa kwa bei gani, rodi kwa bei gani, umeme nani alilipa, kwa maana kuingiza 60,000 si kupata 60,000. Haki yake. Kisha akafungua ukurasa aliokuwa ameuwekea kijikaratasi cha manjano.

"Hapa pameandikwa ada ya Musa, 18,000. Musa ni mtoto wako?"

"Ni shemeji yangu."

"Na hapa tena, 18,000. Na hapa, vitabu vya Musa, 2,200. Kwa hiyo pesa hizi hazikuja nyumbani kwako."

Dada hakujibu upesi. Mimi nyuma kule nilihisi kinachokuja. Ule mstari ambao haukuweza kumwingiza Musa kwenye orodha ya wategemezi sasa ulikuwa ukitumika kusema kwamba shemeji hakuwa akitumia theluthi mbili kwa familia yake, labda nusu, maana nyingine alikuwa akimpa mtu ambaye kisheria hakuwa wake. Musa hahesabiwi akiomba. Anahesabiwa akipunguza.

"Zilikuja nyumbani kwangu," dada akasema mwishowe. "Musa alikuwa akikaa wapi, kama si kwangu?"

Karani alitafsiri. Hakimu aliandika kwa muda mrefu.

Upande wa pili walikuwa na hoja nyingine nzito zaidi, daraja la miguu. Lilikuwa mbele kidogo ya pale alipovukia. Kwa nini hakupanda? Ni swali la haki, nami sina jibu la kuipendeza mahakama. Wanaopita Outering jioni wanajua: taa za darajani hazikuwaka, ngazi zinanuka, na kuna vijana wanaokaa juu pale kukungoja na simu yako. Shemeji alikuwa ameshaporwa darajani mara moja, mwezi wa saba. Tulilisema hilo. Dereva naye alikiri mbele ya mahakama kwamba alikuwa akiipita gari nyingine ili awahi steji. Hakimu aligawa lawama, 70 kwa dereva na 30 kwa marehemu. Kumsikia mtu aliyelala kaburini akipewa asilimia 30 ya kosa la kufa kwake, hilo lilimuumiza Susu kuliko yote. Alinishika mkono akaniuliza, "Kwani na yeye ameshtakiwa?"

Kuhusu daftari, hakimu aliliamini, si lote. Alitoa gharama za vyuma, akaweka mapato kuwa 25,000 kwa mwezi. Miaka 20. Theluthi mbili, kwa maneno haya nitakayoyafupisha: kwamba nyumba ya Mwafrika haiishii kwenye mlango wa chumba cha kulala. Hiyo ikawa 4,000,000. Akaongeza 100,000 za matarajio ya maisha, 50,000 za maumivu ya usiku ule mmoja, na 87,500 za mazishi zilizokuwa na risiti. Tulitumia zaidi ya mara mbili ya hizo, lakini hema na sufuria za kukodi nani humpa mwenye msiba risiti? Jumla 4,237,500. Toa asilimia 30, zikabaki Sh2,966,250.

Nilipoona namba hiyo nilishusha pumzi, maana sheria inaibana bima isivuke shilingi milioni tatu kwa mtu mmoja. Kikizidi hapo unamfuata mwenye gari mwenyewe, na mwenye matatu ya kununuliwa kwa mkono si mtu wa kumfuata.

Wakakata rufaa. Kawaida yao. Mahakama Kuu ikasimamisha malipo kwa sharti kwamba nusu ilipwe na nusu iwekwe benki kwenye akaunti ya pamoja ya mawakili wa pande zote mbili. Nusu hiyo ya kwanza ilikuja kwa hundi, na wakili wetu alituita ofisini, akatupigia mahesabu mbele yetu chini ya ile feni, akatoa chake kilichoandikwa kwenye ile karatasi yenye muhuri, na fungu la watoto likaenda kwenye akaunti yao, lisiguswe mpaka watimize miaka 18. Susu alipata lake pia.

Miaka hiyo ya kungoja rufaa sikulala vizuri. Wa rika langu wanakumbuka United Insurance ilivyowekwa chini ya msimamizi mwaka 2005, na Blue Shield mwaka 2011, kampuni zilizokuwa zimekatia bima matatu nyingi. Watu waliokuwa na hukumu mkononi waliambiwa wasubiri, na kuna waliosubiri mpaka wakaacha kuuliza. Kila nilipoona kibandiko cha bima kwenye kioo cha matatu niliyoipanda nilisoma jina la kampuni kama mtu anayesoma tangazo la kifo.

Yetu haikuanguka. Rufaa ilitupwa mwaka 2023, na nusu ya pili ikatoka mwaka uliofuata pamoja na riba.

Dada hakununua shamba, kama watu walivyotabiri, wala hakuolewa na dereva wa lori, kama walivyotabiri wengine. Ana chumba cha kuuza vyuma vilivyokatwa, pale pale Kariobangi, mlango wa nne kutoka alipokuwa mumewe.

Mwezi wa tatu mwaka huo alinipigia simu niende naye Milimani. Alitaka daftari. Nilimwambia vielelezo vya kesi huwa haviruhusiwi kutoka hivi hivi, akasema kesi imekwisha. Tuliandika barua ya ombi, tukarudi mara tatu. Mara ya tatu karani mmoja mwanamke alishuka na faili iliyofungwa kwa utepe, akachomoa daftari, akamwambia atie sahihi. Juu ya jalada kulikuwa na muhuri wa mahakama na namba ya kielelezo kwa kalamu nyekundu. Kile kijikaratasi cha manjano kilikuwa bado kiko ndani.

Jioni hiyo Musa alikuja Umoja. Alikuwa ameitwa kwa jambo jingine, au ndivyo alivyoambiwa. Chuo alikiacha mwaka wa korona, sasa anaendesha boda boda Donholm. Dada alimwekea chakula, akamwacha ale. Kisha akaleta daftari, akalifungua pale penye karatasi ya manjano, akaliweka mbele yake bila kusema neno. Musa alisoma. Alisoma hata kurasa ambazo hazikuwa na jina lake.

"Muhula mmoja sasa ni pesa ngapi?" dada akauliza.

"Sijui. Waliongeza."

"Uliza kesho."

Akalichukua daftari, akatafuta ukurasa ulio mtupu, akakosa kalamu, nikampa yangu. Akaandika tarehe. Chini yake akaandika: "Ada ya Musa." Mbele ya hapo akaacha nafasi ya kujaza.